Jicho la Mzee wa Seti

Kabla hajakusalimia, alikuwa ameshauangalia ukuta wako. Hiyo ndiyo tabia yake ambayo watu wa Thika waliijua kwanza, na wengi hawakuipenda. Umemkaribisha ndani, umemfutia kiti, chai iko jikoni inachemka, na yeye bado amesimama mlangoni anapapasa ukuta karibu na swichi ya taa. "Nani anashikanga hapa?" anauliza. Unamwambia ni kila mtu, Mzee, si ndiyo swichi? "Hapana. Huyu anashika chini ya swichi. Ni mfupi, na mkono wake hautokangi mafuta." Na kweli, mama mkwe wako ni mfupi, anakaanga mandazi ya kuuza, na wakati huo ameenda nayo sokoni.

Tulimwita Mzee wa Seti. Kwenye karatasi za wazungu cheo chake kilikuwa mbunifu wa mandhari, yaani yule mtu anayeamua, kabla kamera haijafika, nyumba itakaa wapi, mlango utakuwa mkuukuu kiasi gani, na ndoo ya maji itawekwa upande upi. Mwigizaji ndiye anayeonekana na mwelekezi ndiye anayesifiwa, lakini dunia wanayotembea ndani yake ameijenga mwingine. Miaka ya tisini, karibu sinema zote zilizopigwa kati ya Ruiru na Thika, za wageni na zile chache zetu, zilipita mikononi mwake. Leo ukiingia kwenye seti ukamwona fundi anauchafua ukuta mpya polepole, kwa makini, kabla ya kamera kuwashwa, jua alifundishwa na mtu aliyefundishwa na Mzee.

Mimi nilikuwa mchora mabango, Mama Salim wa Majengo. Nilichora vichwa vya vinyozi, ng'ombe wa bucheri, chupa za soda. Nilichora hata majina ya makanisa, mimi Mwislamu, na hakuna mchungaji aliyelalamika kwa sababu herufi zangu zilikuwa zimenyooka. Siku tuliyokutana nilikuwa juu ya ngazi namalizia ng'ombe. Mzee alisimama chini muda mrefu mpaka nikaudhika.

"Kuna shida, Mzee?"

"Huyo ng'ombe wako ni mnono sana."

"Ni bucheri hii. Kwani nani atanunua nyama ya ng'ombe amekonda?"

"Ng'ombe yuko sawa. Ni ukuta ndio mpya. Unaweza kumfanya aonekane amekaa hapo miaka kumi, amenyeshewa na amepigwa jua?"

Nilimwambia hakuna mtu Thika nzima anayetaka ng'ombe wa zamani. Akasema, "Mimi namtaka." Nikashuka kwenye ngazi, na nikafanya kazi naye miaka saba.

Wiki ya kwanza hatukushika brashi. Alituketisha kwenye hoteli moja mjini Thika, wapakaji rangi wanne, akatuagizia chai na kutuambia tuangalie tu. Tuangalie nini? Hakusema. Siku ya pili nikachoka nikamwambia nina watoto nyumbani, kama ni kukaa ningekaa kwangu. Akanionyesha ukuta ulio nyuma ya benchi. Palikuwa na mstari mweusi, mrefu, wa mafuta ya nywele, mahali wateja wanapoegemeza vichwa wakingoja chakula. Mstari ulipanda kidogo upande wa dirishani. "Kwa nini unapanda?" akauliza. Nikafikiri. Upande wa dirishani benchi lilikuwa na mto, kwa hivyo waliokaa pale waliinuka kidogo. Alifurahi yule mzee, akapiga meza. "Uchafu una adabu yake, Mama Salim. Haukai mahali haukualikwa." Tangu siku ile sijaweza kuingia hoteli nikala bila kuutazama ukuta, na mume wangu ananicheka mpaka leo.

Vitu vikuukuu alivipata kwa kubadilishana. Alijaza pikapu sufuria mpya, mapazia mapya, milango inayonukia mbao, akazunguka nayo Ruiru nyumba kwa nyumba akitafuta vile vilivyochakaa. Sasa fikiria wewe ni mama wa Ruiru, umetulia kwako, mzee aliyevaa shati jeupe anabisha hodi anakuambia, nipe sufuria yako yenye masizi nikupe hii mpya. Utafikiri nini? Mama mmoja aliita majirani. "Huyu anataka kuniroga na sufuria yangu! Mtu mzima na akili zake anatakaje kitu kibovu?" Ilibidi mimi nishuke kwenye pikapu, nijieleze, nitaje mtaa wangu na mtu ninayemjua pale, ndipo sufuria ikatoka. Na hata hapo Mzee hakuondoka mpaka alipoambiwa ni nani aliyekuwa akipikia, alipika nini, na kwa nini mshikio mmoja umepotea. Aliyaandika yote kwenye daftari. Kitu kisicho na habari yake hakukichukua, hata kingekuwa kizuri namna gani.

Wageni walimwogopa, na mimi nilipenda kuwaona wakimwogopa. Kuna mwelekezi mmoja alitaka ofisi ya chifu iwe na kiti kilichofunikwa ngozi ya chui. Mzee alimwuliza kwa upole, "Umewahi kuingia ofisi ya chifu?" Hakuwa ameingia. "Chifu wetu alikuwa na meza yenye mguu mmoja uliowekewa kijibao. Alikuwa na kalenda ya duka la mbegu, na saa iliyosimama ambayo hakuna aliyethubutu kumwambia imesimama. Hiyo ndiyo itakutisha, si chui." Mwelekezi alibisha asubuhi nzima. Mchana aliingia ofisi ambayo Mzee alikuwa ameshaijenga, akaitazama ile saa, na habari ya chui ikaishia hapo.

Nyingine ni ya Ruiru, tulipojenga hoteli ya uongo kando ya barabara. Mabati yenye kutu, viti viwili vibovu, sahani ya mandazi tuliyoyatengeneza kwa plasta nikayapaka rangi mwenyewe. Tukaenda kula. Tuliporudi tulimkuta bwana mmoja ameketi ndani na gazeti lake, amevimba kwa hasira. Alikuwa amengoja chai nusu saa. "Hamna adabu nyinyi!" akatufokea. "Na hizi mandazi zenu zimelala siku ngapi?" Alikuwa ameuma moja. Tulitaka kufa kwa kicheko, lakini Mzee hakucheka. Alimwomba msamaha kama mwenye hoteli, akamwahidi huduma itarekebishwa, na akatuma mtu akamletee chai ya kweli na mandazi ya kweli. Kisha akazunguka siku nzima na kifua mbele. Hata tuzo aliyopewa baadaye na wageni haikumpa kiburi kama lile jino lililouma plasta.

Lakini alikuwa mgumu wa kuelewa. Mtu aliyetufundisha uchafu alikuwa msafi kupita kiasi, shati jeupe kila siku ya kazi, leso iliyopigwa pasi, na akiguswa na rangi hata tone anakwenda kubadilisha. Nyumba yake ya Ngoingwa ilikuwa saruji tupu, haijapakwa rangi ndani wala nje, miaka na miaka. Majirani walisema anawapakia wazungu nyumba, yake imemshinda. Mkewe, Mama Wambui, ukimwuliza anajibu, "Muulizeni mwenyewe." Nani angemwuliza? Niliamini ni ukaidi tu, na ukaidi alikuwa nao wa kutosha.

Na rangi hakuzitaja kama watu wengine wanavyozitaja. Miaka yote ile sikumsikia akisema nyekundu au kijani. Alisema, "Nataka ukuta wa jikoni la mama aliyeolewa juzi." Au, "Nipe chai iliyopoa ikashika ngozi." Au, "Huu mlango uwe kama ulipakwa na mwanamume aliyekuwa na haraka, na mkewe hakuipenda." Wewe unakwenda kuhangaika na mikebe mpaka unaipata. Walioitwa kuandika habari zake magazetini waliyapenda sana maneno hayo. Mimi pia niliyapenda. Nilidhani anatuinua, anatufanya tufikirie watu kabla ya rangi, na ni kweli tulifikiria. Kwenye vifuniko vya mikebe yake alikata alama kwa kisu, mkato mmoja, miwili, mitatu, na hata hizo sikuzitilia maanani. Kila fundi ana vijitabia vyake.

Hapo ndipo ikaja sinema ya kahawa.

Ilipigwa kwenye shamba kubwa upande wa Ruiru, na ilikuwa kazi kubwa kuliko zote tulizowahi kupata. Mtayarishaji, yaani mwenye kusimamia kazi nzima, alikuwa bwana mmoja wa Nairobi mwenye kalamu tatu mfukoni. Tangu siku ya kwanza hakuficha. Alikuwa na mbunifu wake ng'ambo, mtu na kikosi chake kamili, na Mzee akikosea mara moja tu angewaita. Tulikuwa mafundi kumi na sita kutoka Thika kwenye ile kazi. Mzee akiondoka, sote tungeondoka.

Hadithi yenyewe ilikuwa ya mwanamke mchumaji anayeonewa na nyapara wa shamba. Kila siku nyapara anamwaga kahawa yake chini, anasema imechanganyika na mbichi. Mwishoni yule mama anachuma kwa hasira na ufundi wake wote, debe lake linamwagwa juu ya turubai mbele ya watu, na haipatikani hata punje moja mbichi. Sinema nzima ilikuwa imeegemea turubai lile.

Shida ni kwamba tulipiga wakati ambapo hakuna kahawa iliyoiva. Mitini kulikuwa na mbichi tu. Kwa hivyo tulichuma hizo mbichi, tukazitia rangi nyekundu, gunia zima, mimi na wenzangu, vidole vikawa vyekundu wiki mbili. Gunia jingine tuliliacha jinsi lilivyo, la kufungia kwenye matawi. Debe la mwisho Mzee alisema atalijaza yeye mwenyewe, kwa mkono wake, kwa sababu hakumwamini mtu yeyote na debe lile.

Wachumaji kwenye picha walikuwa wachumaji kweli, wanawake wa palepale shambani. Debe likainuliwa, likamwagwa kwa majaribio. Shosho mmoja, bibi kizee aliyekuwa mbele, akainama, akatazama, akaweka mkono kiunoni.

"Haiya! Nyapara gani atasifu hii? Nusu ni mbichi! Nani alichuma, ni kipofu?"

Wanawake wote wakapasuka kwa kicheko. Watu wa kahawa hao, wamefukuzwa mashambani kwa sababu ya kosa hilohilo. Nikasogea nikaona. Mzee alikuwa amechota kwenye magunia yote mawili. Nyekundu na kijani zilikuwa zimechanganyika wazi, mchana wa jua, na hata mtoto angeona.

Nikamtazama Mzee. Alikuwa ameinamia turubai, macho yanakwenda huku na huku, na ndipo nilipoelewa kwamba haoni. Aliokota punje moja akaibonyeza kwa kidole gumba, halafu nyingine. Kahawa mbivu ni laini na mbichi ni ngumu, kwa hivyo alitaka vidole vimwambie. Lakini zetu zote zilikuwa mbichi. Tofauti ilikuwa rangi peke yake, na rangi hiyo kwake haikuwepo. Ile mikato ya kisu kwenye vifuniko, ile chai iliyopoa, ile nyumba ya saruji ya Ngoingwa, yote yalinijia kwa mpigo.

Mtayarishaji alikuwa anakuja, kalamu zake zinang'aa. "Kuna nini hapa? Mzee, hii ni kazi ya nani?"

Mzee alizidi kuzibonyeza zile punje. Nilimwona ameogopa, mtu yule ambaye sikuwahi kumwona akiogopa chochote.

"Ni mimi," nikasema. "Nilichanganya magunia."

"Wewe mama unaona kweli? Ama tukununulie miwani?"

Sasa sikiliza. Mzee akanyanyuka, akajifuta vidole kwa leso yake, akanigeukia. Mbele ya mafundi kumi na watano na wanawake wote wa shamba akaniambia, "Mama Salim, nimekwambia mara ngapi uangalie kazi yako?"

Wallahi, nilikuwa na mkebe wa rangi mguuni na nilitaka kummwagia kwenye lile shati jeupe. Nilipiga magoti badala yake. Shosho akapiga magoti kando yangu, na wenzake, tukachambua mbichi moja moja mpaka turubai likawa jekundu tupu. Picha ikapigwa. Watu waliokuja kuiona walisema pale kwenye turubai ndipo walipolia.

Sikwenda kazini siku tatu. Siku ya nne, baada ya alasiri, alikuja Majengo. Alipapasa ukuta, akaketi, akasifu chai. Nikangoja.

"Kuanzia kesho," akasema, "hakuna rangi itakayofika ukutani bila kupitia kwako."

"Ni hayo tu?"

"Ni hayo tu."

"Na siku ile, Mzee?"

Alimaliza kikombe chake. "Siku ile jua lilikuwa kali," akasema, akaaga, akaenda.

Utaniuliza kwa nini nilirudi. Nilimkasirikia na nilimpenda, yote mawili, na sioni kwa nini mtu ashindwe kufanya yote mawili. Hakukuwa na mwingine nchini aliyeijua nyumba ya mtu wa kawaida kama alivyoijua yeye, na niliona ni dhambi arudishwe nyumbani kwa sababu ya nyekundu na kijani. Zaidi ya hapo, nilikuwa nimeanza kuielewa ile akili yake. Kwa vile rangi zilimdanganya, hakuziamini, akaangalia mahali mkono unapopita, mahali kiatu kinapokwaruza, mahali mgongo unapoegemea. Sisi tunaoona rangi tunaridhika mapema mno. Ufundi wake wote uliosifiwa ulitoka kwenye kile alichokificha.

Basi tukawa na namna yetu. Anasimama kando yangu, anatazama ukuta kama anausoma, anasema, "Mama Salim, hii imekaa vipi?" Nasema, "Imekaa," au nasema, "Bado." Mafundi walidhani ni heshima tu, mkubwa anamwuliza mdogo. Hatukulitaja jambo lenyewe hata mara moja. Gazeti likaandika juu ya jicho lake lisilokosea rangi. Niliusoma ukurasa ule mara mbili, nikautandika sakafuni chini ya mikebe.

Lakini kosa lilikuwa limebaki na jina langu. Kwenye seti za Nairobi, fundi akichanganya kitu, misumari au nyaya, wenzake wanamcheka, "Umefanya Mama Salim!" Mara mbili niliomba nipewe kazi yangu mwenyewe, niwe mbunifu, hata wa sinema ndogo. Nilikuwa nimeiva. Nilijua mwenyewe, na Mzee alijua. Yule bwana wa kalamu tatu alinikataa mara zote mbili, na mara ya pili hakuficha meno. "Si ni wewe wa ile kahawa? Endelea kumsaidia Mzee, mama. Hapo unafaa."

Nilikwenda moja kwa moja kumwambia Mzee. Alikuwa anapiga meza msasa. Mkono ukasimama, kisha ukaendelea.

"Watasahau," akasema.

"Hawasahau, Mzee. Ni miaka minne sasa."

Akageuza meza upande wa pili. Siku mbili nzima sikuwa na neno kwake isipokuwa "Imekaa" na "Bado", na "Bado" zilikuwa nyingi kuliko ilivyohitajika, nakiri.

Muongo ulikuwa unakwisha alipoanza kupunguza kazi. Magoti yalimsumbua, hakuweza tena kuzunguka Ruiru kutafuta milango. Miezi ikapita hatujaonana. Siku moja ujumbe ukaja kwenye duka lenye simu pale Majengo, kwamba nikamwone yule mtayarishaji ofisini kwake, Nairobi. Nikaenda nimejiandaa kwa matusi. Akanipa kiti.

"Kuna sinema," akasema. "Mzee ameikataa. Anasema tukuchukue wewe." Alichezea kalamu moja, hakunitazama. "Tumesikia pia habari ya macho yake. Eti hajawahi kuona nyekundu maisha yake yote?"

Nikasimama. Sikumjibu hata kama naitaka kazi au siitaki. Nilitoka pale nikaelekea Ngoingwa, na njia nzima nilikuwa nawaza kitu kimoja: atafikiri ni mimi. Nani mwingine alijua? Nimemficha miaka yote hii, nimebeba jina baya kwa ajili yake, na mwisho atakufa akiamini nilimuuza ili nipate kazi.

Nilimkuta nje, amekaa kwenye kiti cha mikono, na Mama Wambui kando yake na karai la njegere anaambua. Sikuamkia mtu.

"Mzee, wallahi si mimi!"

"Si wewe nini?"

"Wamejua. Kule ofisini. Wamejua habari ya macho. Sikusema, Mzee, sijawahi kumwambia mtu, hata mume wangu sijamwambia!"

"Keti kwanza, Mama Salim."

"Siketi!"

"Najua si wewe," akasema. "Ni mimi niliwaambia. Nilikwenda mwenyewe, nikawaambia na habari ya kahawa pia, kwamba debe nililijaza mimi, na nikakuacha ubebe."

Nikabaki nimesimama. "Kwa nini? Si umekwisha staafu? Ungekufa na jicho lako, hakuna mtu angejua."

"Wangekupa kazi vipi, na wanaamini macho ni yangu?"

Hapo nikakaa, chini kwenye nyasi, na nikalia kama mtoto. Nililia kwa hasira. Nikamwambia amechelewa. Nikamwambia amenikalia zaidi ya miaka minne, na kwamba siku ile shambani aliniumiza kuliko mtu yeyote aliyewahi kuniumiza. Nilimwambia kila kitu, mbele ya mkewe. Hakujitetea.

"Nimechelewa," akasema. "Niliogopa. Niliona wakijua nitakuwa kichekesho, mzee wa rangi asiyejua rangi. Nilipokuona umepiga magoti pale, nilisema kesho nitasema. Kesho ikafika nikanywa chai yako, nikarudi nyumbani. Nisamehe, Mama Salim."

"Usijione ni wewe tu," akadakia Mama Wambui. "Mimi mwenyewe aliniambia tukiwa na watoto watatu."

Nikacheka na machozi yakiwa bado yanatiririka. Yeye pia akacheka, na nikaona amelegea mwili mzima kama mtu aliyetua gunia. Kisha akanyoosha kidole kuelekea barabarani, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue akauliza bila kuzunguka.

"Hilo geti langu ni rangi gani?"

"Kijani, Mzee."

"Kijani? Nilimwambia fundi apake kahawia!"

"Alikupakia kijani."

"Mwizi yule! Na huyo kuku?"

"Mwekundu. Mkia mweusi."

"Na ile nguo kwenye kamba? Na yale maua? Ngoja, nipe mkono niinuke." Tukazunguka boma lote, magoti yake mabovu na yote, anauliza, namjibu. Alitaka nimtajie kila kitu, ndoo, pipa, nyanya, shati la jirani lililoanikwa ng'ambo ya ua. Mengine alitikisa kichwa kwa mshangao, mengine alisema, "Nilidhani hivyo." Tuliporudi kwenye viti alisimama mbele ya mkewe, akamtazama kichwani.

"Na hicho kitambaa?"

"Chekundu, Mzee. Chekundu kabisa."

Akamsogelea. "Mama Wambui. Umeanza kuvaa nyekundu lini?"

"Siku zote," akasema mkewe. "Hata siku uliyokuja kwetu kuniona, nilikuwa nimefunga chekundu."

"Na hukuniambia?"

"Hukuwahi kuniuliza."

Mzee aliendelea kumtazama, muda mrefu, mikono nyuma, jinsi alivyokuwa akitazama kuta za watu. Mama Wambui akaona haya, akainamisha uso kwenye karai akaendelea kuambua. Mzee akajifuta macho kwa leso, akanigeukia.

"Na hizo njegere?"

"Kijani!" tukasema sote wawili.